Kiti cha Mbele kwenye Sinema ya Mbinya

Kijiwe chetu ni taruma moja kuukuu la reli lililolazwa juu ya matofali, hapa kwenye kona ya Makongeni, mkabala na social hall, ukumbi wa mtaa. Kulia yuko Benta na jiko lake la makaa na birika la kahawa. Kushoto niko mimi na viatu vya watu. Katikati hukaa wenye nchi. Kuna Waziri, ambaye jina lake halisi ni Gichuru, aliyekuwa karani wa stoo huko Industrial Area mpaka akastaafu, na tangu hapo hajawahi kukosa jibu. Kuna Daktari, yaani Austine, anayeuza dawa za kuku na ng'ombe kwenye agrovet na kutibu binadamu bure, watake wasitake. Na kuna Mpingo, ambaye ni Kivuva, mchongaji. Anachonga jakaranda, anaipaka rangi nyeusi ya viatu anayonunua kwangu, na mtalii anarudi kwao akijua amebeba mpingo. Jumamosi hiyo Mpingo alikuja amevaa koti la harusi, akaninyooshea miguu nimpigie viatu brashi. Binti yake Mbinya alikuwa anaonyesha sinema pale ng'ambo saa tisa, sinema aliyojipiga mwenyewe kwa simu kuhusu ugonjwa wake, na alikuwa amemwekea baba yake kiti mbele. Mpingo alisema anakunywa kikombe kimoja tu, kisha avuke.

Waziri: Leo umetokelezea, Mpingo. Ruracio ya nani, mahari inapelekwa wapi?

Mpingo: Si unajua. Sinema ya Mbinya.

Daktari: Ile ya pua?

Mpingo: Ile ya ugonjwa.

Daktari: Si ni ugonjwa wa pua?

Mpingo: Pua ni nzima. Ugonjwa uko kwa akili. Kliniki walimwelezea hivi: akili inamwonyesha kasoro kwa uso, na wewe ukiangalia huoni kitu. Lakini yeye anaiona. Anaiona vile mimi nakuona. Na hawezi kuacha kuiangalia.

Waziri: Hakuna ugonjwa kama huo. Hiyo ni kiburi ya wasichana. Bibi yangu pia ako nayo, kila Jumapili tunafika kanisa sadaka ishapita.

Walicheka. Mimi nilikuwa nimeshika kiatu cha mtu ambaye hacheki, kwa hivyo niliendelea na brashi.

Mpingo: Kiburi inafukuzisha mtu kazi? Alikuwa anapakia biskuti hapo Industrial Area. Supavaisa anamtafuta kwa laini, hayuko. Ako choo, kwa kioo. Anatolewa, anarudi. Mpaka wakamwambia aende akae na kioo chake nyumbani.

Benta: Kumbe ndio maana.

Mpingo: Na nyumbani kioo hakionekani. Huko Kware anakokaa amekifunika na leso. Sufuria haisugui, anaiacha na masizi, ati ikimetameta inamwonyesha. Na bado anapima pua na uzi. Anapima, anafunga fundo, kesho anapima tena aone kama imeongezeka.

Benta: Mimi nilishangaa na ile barakoa. Korona iliisha kitambo, barakoa yake haikuisha. Alikuwa anakunywa kahawa yangu akiinua hivi, kidogo, kwa chini. Nikasema labda ni meno.

Hapo hata Waziri aliangalia ndani ya kikombe chake. Ungedhani ameguswa. Kumbe alikuwa anatafuta methali.

Waziri: Wahenga walisema mficha uchi hazai. Sasa huyu anauonyesha kwa social hall nzima. Ataolewa na nani?

Benta: Mzee, hiyo methali si inasema usifiche?

Waziri: Inategemea uchi ni wa nani.

Daktari: Wacheni niwaambie kitu ya kisayansi. Kuku ukimwekea kioo kwa kibanda, anajidonoa. Nimeona na macho yangu. Anafikiria ni kuku mwingine amekuja kumtawala. Dawa ni chumvi ya madini na kupunguza taa.

Mpingo: Mtoto wangu si kuku, Austine.

Daktari: Sijasema ni kuku, mzee. Nasema damu ni damu. Na angalia hii: kioo alifunika na leso, halafu akachukua simu akaanza kujipiga sinema. Kwani simu si ni kioo?

Daktari alikuwa amelikaribia jambo, kwa bahati tu, na alikuwa tayari ameshalipita akielekea kwenye dawa za minyoo.

Mpingo: Hata mimi nilimuuliza hivyo. Akasema kwa kioo anajiangalia peke yake, na yeye peke yake ndiye anajijibu. Kwa sinema kuna watu. Anataka kujua sisi tunaona nini.

Benta: Mimi nasema hii kitu ilianza utotoni. Mtoto akizaliwa unapaka mafuta, unavuta pua hivi, kila ukimwogesha. Samaki mkunje angali mbichi. Mama yake hakuvuta. Mimi wangu wote nilivuta.

Daktari: Na ya Sydney wako mbona iko vile?

Benta: Sydney alikuwa analia sana.

Kutoka ng'ambo mtu akapuliza maikrofoni, akasema helo, helo. Vijana walikuwa wanaingia kwa makundi, wengine wasichana wa Kware ambao viatu vyao nimevishona mwenyewe. Nilimwambia Mpingo viatu viko tayari. Akainuka nusu.

Waziri: Kaa chini. Sinema ya Nairobi haianzi na saa. Kwanza maombi, halafu mgeni wa heshima, halafu mnaambiwa mgeni wa heshima ako njiani. Haraka haraka haina baraka. Benta, muongezee huyu.

Mpingo akakaa. Alikaa upesi kuliko alivyoinuka, nami nikaliona hilo.

Waziri: Na hii sinema nani ameilipia? Hapo ndio kuna siri. Kuna watu huko nje wanatafuta watoto wa Eastlands walie kwa kamera. Ukilia vizuri unaitwa Berlin kwa tamasha la sinema. Ukirudi ushanunuliwa. Sura yako inaingizwa kwa kompyuta, kesho unasikia iko Dubai inatangaza sabuni, na wewe uko Makongeni huna hata ya kuoga.

Mpingo: Hakuna mtu amelipa. Ni simu yake, na rafiki yake mmoja wa Kware anaitwa Lydiah anamshikia. Hata huyo sijawahi kumwona.

Daktari: Shida yenyu ni hamjamwambia. Mwanamke anaambiwa. Mwambie, Mbinya, wewe ni msupa, maneno iishe.

Waziri: Lakini usizidishe. Mgema akisifiwa tembo hulitia maji.

Mpingo: Nilimwambia.

Daktari: Ulimwambia vizuri?

Mpingo: Nilimwambia, mwanangu, uso wako hauna shida yoyote, wewe ni mrembo. Akaniuliza, kama ni mrembo, mbona ulipunguza?

Benta aliacha kupepea makaa.

Benta: Ulipunguza nini?

Mpingo si mtu wa maneno mengi. Mwaka mzima anaweza kukaa kwenye lile taruma asikwambie kitu zaidi ya kwamba mvua haitoshi kwao Wamunyu. Siku hiyo alizungumza akiangalia viatu vyake, kana kwamba nimemwandikia humo cha kusema.

Mpingo: Alikuwa darasa la sita. Kulikuja oda ya kichwa cha msichana. Mimi sichongi kutoka kwa hewa, nachonga mtu. Nikamkalisha kwa kigoda pale karakana. Alikuwa anapenda kukaa. Anatulia mpaka nzi anamtembea usoni. Nikamtoa, yeye kabisa. Akaona, akacheka, akasema, baba, hiyo ni mimi. Halafu mwenye duka aliyeleta oda akaja. Akakizungusha, akasema kazi ni safi, lakini hii pua ni nzito, haitanunuliwa. Punguza.

Benta: Na mtoto ako hapo?

Mpingo: Ako kwa kigoda. Nikachukua patasi. Namwangalia yeye, naangalia mti, napunguza. Namwangalia tena, napunguza. Mwenye duka akasema, sasa. Sasa ndio msichana.

Daktari: Lakini mzee, huo ni mti.

Mpingo: Si ndio nilimwambia! Nilikuwa napunguza mti, si wewe. Na ile kitu ikauzika. Ikaitishwa nyingine, na nyingine. Karo yake yote ya sekondari ilitoka kwa hicho kichwa. Anatoka shule, anapita karakana kunisalimia, anakuta rafu nzima ni yeye, na pua ya mtu mwingine.

Nilimwonea huruma Mpingo, na papo hapo nikatamani kumpiga na soli. Sikujua kwamba mtu mmoja anaweza kukufanya utake yote mawili kwa wakati mmoja.

Waziri: Kwa hivyo hii sinema ni ya kukushtaki.

Mpingo: Ingekuwa ya kunishtaki ningeenda mapema. Hapana. Alikuja akaazima vichwa vyote vilivyobaki, akasema vitakuwa ndani. Akaniambia, baba, hata kliniki hawakusema ni wewe. Hii kitu inaanza vile inaanza. Akasema mwisho wa sinema ataonyesha uso wake, bila barakoa, karibu kabisa, ukuta mzima. Hajawahi kumwonyesha mtu hivyo tangu awe mkubwa. Akasema, wewe ukae mbele. Mimi sitaangalia sinema, nitakuangalia wewe.

Benta: Basi si uvuke, Baba Mbinya? Barabara ni hiyo.

Mpingo: Naogopa jicho langu.

Benta: Jicho limefanya nini?

Mpingo: Maisha yangu yote naangalia kitu ili nione pa kupunguza. Hata wewe, Benta, nikikuangalia najua patasi inaingilia wapi. Sipendi, lakini ndio jicho nililo nalo. Sasa uso wa mtoto wangu uwe ukuta mzima, na yeye ananiangalia machoni. Ataona. Hata ikiwa ni mara moja tu, ataniona nikipima.

Nimekaa kwenye kona hii tangu nikiwa na nywele, na sijawahi kusikia neno la kweli kama hilo likisemwa hapa. Lilihitaji mtu mmoja amshike mkono, avuke naye, aketi kando yake. Lakini watu wa kijiwe hawawezi kuvumilia kimya, wanaona ni kama deni.

Waziri: Nimeiona! Tatizo si jicho. Tatizo ni vile vichwa. Viliuzwa wapi?

Mpingo: Watalii walienda navyo. Ulaya, sijui wapi.

Waziri: Umesikia, Daktari? Sasa fikiria. Ujerumani, kichwa cha Mbinya kiko juu ya runinga. Uitaliano, kiko kwa dirisha, kinapigwa na baridi. Kila sebule kuna mtu anaangalia hiyo sura. Inavutwa huku, inavutwa kule. Mtoto atatulia vipi? Dawa ni kuvirudisha nyumbani vyote.

Daktari: Vyote, hapa Makongeni?

Waziri: Vyote. Siku hizi sanamu zinarudishwa, si mnasikia kwa redio? Tunaandikia mabalozi. Lakini balozi hajibu mtu mmoja. Balozi anajibu kamati.

Daktari: Mzee, hiyo ni pointi.

Na hivyo, mkabala na mlango uliokuwa wazi, wakaunda kamati. Waziri alikuwa mwenyekiti bila kupingwa, kwa kuwa ndiye aliyeuliza kama kuna anayepinga. Daktari akawa katibu. Benta akafanywa mweka hazina akiwa amewapa mgongo anachochea makaa. Mpingo wakamfanya mlezi, wakamweleza kwamba mlezi hana kazi yoyote ila heshima. Mimi waliniuliza kama nina jambo, nikasema kiatu cha mzee kimekauka, anaweza kwenda. Mwenyekiti akasema hilo haliko kwenye ajenda.

Ng'ambo walifunga mlango. Nilisikia muziki mdogo, kisha sauti ya Mbinya mwenyewe ikitokea madirishani, kubwa, ya maikrofoni. Maneno sikuyapata. Daktari alikuwa anafungua kikundi cha WhatsApp.

Daktari: Nimekiita Okoa Mbinya. Sasa inataka picha. Mzee Mpingo, nitumie yake moja.

Mpingo: Sina. Hapigwi picha.

Daktari: Hata moja? Ya shule? Ya krismasi?

Mpingo akatoa simu, akapekua kwa kidole gumba, polepole.

Mpingo: Iko ya kichwa. Ile nilikuwa nawatumia wateja.

Daktari: Leta hiyo hiyo. Si ni yeye tu.

Ndivyo kikundi cha kumwokoa Mbinya kilivyopata sura: kipande cha jakaranda kilichopakwa rangi yangu ya viatu, pua imechongwa mpaka ikamridhisha mwenye duka. Daktari akakuza picha, akaipitisha kwa kila mtu. Akasema kweli amependeza. Nilitamani kumtemea mate.

Waziri: Sasa kabla katibu hajaandika kitu kwa kikundi, lazima mwenyekiti asalimie. Hiyo ndio kanuni.

Daktari: Lakini mimi ndio admini.

Waziri: Admini ni cheo cha simu. Mwenyekiti ni cheo cha watu.

Wakabishana hapo kwa muda mrefu. Waziri alimtaja katibu mmoja wa chama cha akiba aliyemtangulia mwenyekiti kusalimia, na chama kikavunjika. Daktari akasema kilivunjika kwa sababu mwenyekiti alitoroka. Waziri akasema ni hayo hayo.

Kisha kule ukumbini kukawa kimya. Sauti ya Mbinya ilikoma, muziki ukakoma, hata wale wa nyuma ambao hukohoa kila mahali hawakukohoa. Mpingo akainua kichwa. Nilijua, na yeye alijua, ni kitu gani kilikuwa kwenye ukuta wakati huo.

Benta: Baba Mbinya. Ni saa hii. Enda.

Waziri: Hatujafunga mkutano, Benta. Na kuna maombi.

Benta: Nyamaza, mzee! Baba Mbinya, enda.

Hakuna aliyemshika Mpingo. Nalisema hilo kwa sababu baadaye Daktari alieneza habari kwamba Waziri alimzuia. Hakuna aliyemgusa. Alikaa amebana magoti, koti lake la harusi limefungwa vifungo vyote, uso ameuelekeza kwenye ule mlango, na machozi yakawa yanamtoka bila yeye kuyafuta. Kile kimya kilikaa. Kisha wakapiga makofi kule ndani. Yalianza machache, yakajaa, mtu akapiga kigelegele, yakaendelea mpaka njiwa wakahama kwenye paa.

Waziri: Naona imeenda vizuri.

Daktari akanyoosha kikombe, Benta akainamisha birika, yakatoka machicha. Akasema kahawa imeisha. Akalifunika birika, akaanza kumwagia makaa maji, ingawa ilikuwa bado mchana na wateja walikuwa ndio wanatoka.

Msichana mmoja akavuka barabara mbio, simu mkononi, macho mekundu, lakini anatabasamu kama mtu aliyetoka kwenye ubatizo.

Lydiah: Hamjambo wazee. Samahani. Naitwa Lydiah, niko na Mbinya pale ndani. Natafuta baba yake. Kiti chake kimebaki tupu. Mbinya amekataa kutoka, anasema labda alichelewa akasimama nyuma, au aliona watu wengi akarudi akakaa hapa kwenyu.

Mwenyekiti akakohoa. Akamwangalia katibu. Katibu akaangalia simu.

Lydiah: Mimi simjui kwa sura. Lakini Mbinya ameniambia siwezi kumkosa. Ati nitamjua kwa pua. Anasema pua yao ni moja, yeye na baba yake, ametoa kwake kabisa.

Akatuangalia mmoja mmoja, kwa upole, akitafuta.

Lydiah: Ni nani?

Miaka yote hii nimekuwa namwangalia Mpingo miguu. Wengine walikuwa wanamwangalia mfuko. Ilikuwa mara ya kwanza mtu yeyote kwenye lile taruma kugeuka kuitafuta pua yake, na hatukuiona. Alikuwa ameinua kikombe kwa mikono miwili, kile ambacho Benta hakukijaza, amekiegemeza usoni, anakunywa. Alikunywa na kunywa.

Waliokuwa na jibu la Berlin na la kuku na la mabalozi walikuwa wanaangalia chini. Benta alimwangalia Mpingo, akaendelea kumwagia makaa maji. Nami nilikuwa na sindano mdomoni, sikuitoa.

Lydiah alingoja. Alingoja vizuri, kwa adabu, zaidi ya tulivyostahili.

Lydiah: Basi nitamwambia hakuja.

Akavuka barabara akitembea. Mpingo hakushusha kikombe mpaka alipoingia ndani na mlango ukajifunga.